Kipengele cha Mlango

Nilimshitaki jirani yangu huku nikimwamkia shikamoo. Kila tulipokutana kwenye korido ya mahakama mdomo uliitanguliza salamu kabla hasira haijauwahi, naye akaitika marahaba, halafu kila mtu akaenda kukaa benchi lake.

Ugomvi ulikuwa wa ukuta. Huku Goba ni vilima vitupu, na kiwanja chake kiko chini ya changu. Alichoshwa na tope linaloporomoka kutoka uani kwangu, akajenga ukuta mpakani. Hata mimi ningejenga, lakini nisingesahau tundu la maji! Mvua ya kwanza maji yakarudi juu, yakaingia jikoni kwangu.

Tena ukuta ule uliziba kijia cha mama. Nilimleta kutoka Mbeya baada ya baba kufariki, na mji huu wote ulimpa rafiki mmoja tu, mke wa jirani, Mwarabu aliyekulia dukani Buguruni. Kila alasiri mama alishuka kwake, wakachambua mchele na kusengenya wakwe. Kuzungukia barabarani kulikuwa na mteremko ambao magoti yake hayauwezi. Akabaki kukaa uani, akiutazama ukuta. Iliniuma kuliko jiko kujaa maji.

Kabatini kwetu lilibaki bakuli lao, lililokuja na futari. Nikasema nitalirudisha.

"Tupu?" mama aliniuliza, kana kwamba nimemtukana. "Na kulijaza chakula si umenikataza?"

Likakaa kabatini kesi nzima.

Hakimu alitutaka tukajaribu kupatana. Mawakili wakaandika makubaliano: jirani atoboe ukuta na kuweka bomba, mimi nijenge mfereji uani kwangu. Siku ya kuyasajili yawe amri ya mahakama, hakimu aliyasoma kipengele kwa kipengele, akauliza kama kuna la kuongeza. Nilikuwa nalo. Lakini kumwomba mtu niliyemshitaki aniachie njia? Kiburi kilinibakiza kitini.

Jirani akasimama. "Mheshimiwa, kuna mlango. Mke wangu hali vizuri tangu niujenge ule ukuta. Naomba uwekwe mlango, bibi wa juu apite."

"Hilo si mnaweza kukubaliana nyumbani?"

"Nyumbani tulishindwa, mheshimiwa. Liandikwe."

Wakili wangu alinigeukia. Niliitikia kwa kichwa tu, maana ningefungua mdomo ningelia mbele ya watu. Kipengele cha mlango kikaongezwa kwa kalamu chini ya vile vilivyochapwa, tukatia saini.

Fundi alipomaliza kuupaka mlango rangi ya bluu, akauliza komeo likae upande upi. Mimi na jirani tukatazamana. Amri ya mahakama haikusema. Lingekaa kwake nisingelala kwa amani, lingekaa kwangu naye vilevile, na wote wawili tulilijua hilo.

"Usiweke," jirani akamwambia.

"Mzee, mlango bila komeo?"

"Usiweke, fundi," nikasema na mimi.

Mama hakungoja rangi ikauke. Alilitoa bakuli kabatini, akalijaza ndizi za nyama, akaanza kushuka.

"Mama, rangi mbichi hiyo!"

"Na chakula kinapoa," akajibu bila kugeuka.

Alirudi jua likizama, ana doa la bluu begani, na mkononi bakuli lilelile, limejaa tambi.