Faili Lililokuwa Kapuni

Ukimpelekea Odalmis Frómeta kompyuta ukamwambia "imekufa yenyewe", jiandae kusutwa. Mtaa mzima hapa mjini Guantánamo, Cuba, unamjua. Michezo yetu ya kompyuta inapita mkononi, kwenye flashi, nyumba hadi nyumba, na kila anayeinakili huipunguza mafaili ili itoshe humo. Ikigoma kufunguka, mafundi wengine huchukua faili lolote la jirani lenye jina lile lile, wakalitupia humo, wakamwachia Mungu. Odalmis hapana! Yeye husoma ujumbe wa kosa neno kwa neno, kisha huuliza: "Nani mwingine analitumia faili hili?" Maana mafaili mengine ni maktaba ya wote. Mchezo unayaazima kwenye mashine, na programu nyingine nazo zinaazima hayo hayo. Kwa swali hilo tu, mwanamke huyu avuliwe kofia.

Alhamisi moja asubuhi Nereida, mke wa mzee Baudilio, alimjia mbio na aproni yake kiunoni.

"Mwanangu, nakufa! Tamthilia yangu haifunguki, na leo ndiyo yule mwanaharamu anaumbuliwa!"

"Kuna kingine kilichogoma?"

"Besiboli ya mzee. Lakini hiyo shauri yake."

Haikuwa shauri yake peke yake. Tangu wastaafu kiwanda cha sukari, Baudilio na mdogo wake Fausto, anayekaa upande wa pili wa uchochoro, walikuwa wakishindana ligi ya mchezo huo kupitia waya waliouvuta juu ya mapaa kuunganisha kompyuta zao. Ilibaki mechi moja tu, fainali. Na kesho yake Fausto alikuwa anahamia Uruguay kwa binti yake, moja kwa moja.

Odalmis akawasha mashine. Programu ya kuonyeshea tamthilia na mchezo vyote vilitoa ujumbe mmoja: faili fulani la maktaba halipo. Jana usiku tamthilia ilicheza, kwa hiyo lilikuwepo, na faili halina miguu. Akafungua kapu la takataka la kompyuta. Limo, limefutwa asubuhi hiyo hiyo.

Akamtazama Baudilio. Mzee akatazama dari.

Nereida alipokwenda kuchuja kahawa, Odalmis akanong'ona, "Mzee, umelifuta wewe?"

"Nilidhani ni la mchezo peke yake! Ningejua na tamthilia inalitegemea ningethubutu? Yule mwanamke atanichinja."

"Sasa kwa nini?"

"Fausto hakubali kuacha fainali njiani, ni mbishi tangu utotoni. Nikasema isipochezwa, labda ataahirisha safari." Akamshika mkono. "Mwambie Fausto haitengenezeki, mwanangu. Nakuomba."

Odalmis alimwonea huruma. Lakini kudanganya kuhusu mashine hakuwezi.

"Siwezi, mzee. Na Fausto aondoke bila hata kucheza nawe?"

Akalirudisha faili mahali pake. Akajaribu tamthilia, ikafunguka, na kigelegele cha Nereida kikasikika mtaa wa tatu. Akajaribu mchezo, nao ukafunguka. Baudilio akakaa mbele ya skrini kama mtu aliyekuja msibani.

"Haya," akasema, "mwite."

Odalmis akatoa kichwa dirishani. "Fausto! Kaka yako yuko tayari kukuchapa!"

"Mwambie aache kujishaua!" Kisha naye akatoa kichwa dirishani. "Lakini yangu nayo imegoma. Tangu asubuhi."

Odalmis akavuka uchochoro. Ujumbe ule ule. Faili lile lile, na lilikuwa kapuni.

Fausto, aliyeendesha treni ya miwa maisha yake yote, alijikuna kisogo kama mtoto aliyekamatwa na sukari mdomoni.

"Hajaniambia hata mara moja nibaki," akasema. "Nikafikiri fainali ikikwama, labda atasema."

Odalmis hakuigusa mashine hiyo. Alikwenda dirishani.

"Mzee Baudilio! Njoo mwenyewe. Hii ya huku haimhitaji fundi."

"Ina nini?"

"Faili liko kapuni, kama lako!"

Baudilio alivuka uchochoro pekupeku. Akamshika mdogo wake mabega.

"Usiende, we mpumbavu," akasema, na wote wawili wakalia kwa sauti.

Kesho yake Fausto aliondoka, maana binti alikuwa anamsubiri. Fainali haijachezwa hadi leo, na Baudilio amemkataza Odalmis kuuteremsha ule waya: mbishi yule haachi fainali njiani.