Picha Inaanza Sekunde ya Tisa

Kazini walimwita mama mkubwa wangu Bi Sekunde. Kwa miaka ishirini na nane alitunza kanda za kituo cha televisheni, katika chumba cha chini kisicho na dirisha, na kila mtengeneza filamu aliyetaka haki ya kutumia picha za zamani alielekezwa kwake. Kanda ya mafuriko ipo wapi, ya mgomo wa reli ipo wapi, yote aliyajua kwa kichwa. Kwenye kadi ya kila kanda aliandika picha inaanza sekunde ya ngapi na inaishia ya ngapi, maana mnunuzi hulipia sekunde. Hakuwahi kukosea.

Mwanzoni mwa kanda nyingi palikuwa na mtu ameshika karatasi nyeupe mbele ya kamera ili mpiga picha arekebishe rangi. Mara nyingi mtu huyo alikuwa mumewe, fundi sauti. Wenzake waliishika wamenuna kama watu wanaopigwa picha ya kitambulisho. Yeye alichungulia juu ya karatasi, akakonyeza, akatoa ulimi. Alifariki mapema, wala nyumbani hawakuwa na video yake hata moja. Kwa hiyo saa ya chakula mama mkubwa alijifungia na mashine ya kuchezea kanda, akamtazama. Mashine ikafa, vipuri vikakosekana. Miaka miwili hakumwona.

Ndipo kituo kikaajiri kampuni ihamishie kanda zote kwenye kompyuta, ziuzike kwa urahisi. Mama mkubwa aliwakabidhi kadi zake zote, akasaini kila karatasi aliyowekewa mbele.

"Sasa utamwona baba yako mkubwa alivyokuwa hana haya," akaniambia.

Siku ya makabidhiano alivaa gauni lake la harusi za watu, akanichukua. Fundi wa kampuni akamvutia kiti.

"Bi Sekunde, kadi zako zimetuokoa. Tungezeekea humu."

"Wengine tumeshawatangulia. Hebu nifungulie ya mgomo wa reli."

Umati ukatokea papo hapo. Akaomba ya mafuriko. Maji. Akaomba ya tatu.

"Mbona hazianzii mwanzo?"

"Zinaanzia ulipoandika, mama. Hii, sekunde ya tisa. Huko nyuma hamna kitu, ni mtu tu na karatasi yake."

"Na kanda zenyewe?"

"Zilishaota ukungu, tukazisaga. Si ulituruhusu?" Akamwonyesha saini yake kwenye barua ya ruhusa.

Aliisoma barua yote, taratibu, hadi tarehe. Kisha akaomba arudishiwe kadi.

Siku hizi huzipanga mezani jioni, baada ya kuondoa vyombo. "Hii inaanza ya saba," husema, "siku hiyo alikuwa na mafua. Hii ya kumi na nne, alikataa kushusha karatasi, wakamfokea."

Nilimuuliza kwa nini hakuandika tangu sekunde ya kwanza.

"Ili anunuliwe na nani?" akasema, akaendelea kupanga.