Ubalozi Wenye Nyumba Mbili

Mkongo yule sikumpenda tangu siku ya kwanza. Tulilala chumba kimoja mtaa wa Point, Durban, watu wanne, pazia likitenga kitanda na kitanda, na redio ilikuwa yake. Mchana alinyoa watu saluni, jioni alitusimulia Ulaya. Na Ulaya aliyoisimulia ilikuwa yangu.

Kabla miguu haijanileta Durban ilikuwa imeshanizungusha. Katika mji mkuu mmoja wa huko, mji wa mvua na tramu, nilifagia ubalozi wa Japani. Ilikuwa nyumba ya kale ya matofali, yenye bustani nyuma. Mpishi, bibi wa Kizungu, ndiye aliyenipa historia yake tukimenya viazi. Wajapani waliipanga kabla ya Vita vya Pili. Vita vilipochacha wakaamriwa kuondoka, wakachoma karatasi zao bustanini usiku kucha, bendera ikashushwa. Miaka ikapita, wakarudi nyumba ile ile, na bibi akawapokea na funguo za jikoni. Pale walipochomea karatasi nyasi hazikuota tena. Kipara kile nilikifagia mimi kila asubuhi. Nimehama sana maishani, lakini pale hapajanihama.

Mkongo naye alidai kuwa alikuwa bawabu wa ubalozi huo huo.

"Nyumba gani ya matofali, papa?" alinisuta mbele ya wenzetu. "Ambasadi iko ndani ya jengo la vioo. Iko na lifti. Mimi njo nilikuwa nafungula mulango!"

"Ulifungua mlango wa benki, ukadhani ubalozi."

"Na weye ulifagia makaburi!"

Wenzetu walicheka mpaka jirani akagonga ukuta. Tangu hapo hatukusalimiana.

Kisha zikaja habari kwamba Mjapani mmoja, muuza magari yaliyotumika, anatafuta mlinzi wa yadi yake karibu na bandari, mtu anayezijua desturi za kwao. Kazi ilikuwa na chumba chake mwenyewe. Mimi nilikuwa nimelichoka lile pazia, na redio, na sauti ile. Nilikitaka chumba kile kuliko nilivyowahi kutaka kitu Durban.

Tulikwenda asubuhi moja, yeye upande wake wa barabara, mimi wangu. Mlangoni pa ofisi sote wawili tukainama kuvua viatu kwa wakati mmoja. Tukatazamana kwa chuki.

Mjapani, mzee mwembamba, alitumiminia chai akasikiliza. Nilianza mimi, kwa Kiingereza changu cha sekondari. Ili asinione mwongo, nilimweleza ofisi ya balozi ilikuwa wapi, na ule mlango wa kuingizia makaa nyuma, usiofunga sawasawa. Mkongo akanikatiza kwa Kiingereza chenye Kifaransa tele: gereji ya chini, saa za kubadilishana zamu, mahali walinzi walipoficha ufunguo wa akiba. Nikaongeza dirisha la stoo. Akaongeza ngazi ya dharura. Tulishindana hivyo bila kuigusa chai.

Mzee aliweka kikombe chini.

"Shemeji yangu alikuwa karani pale," alisema. "Nyumba ya matofali iliwabana, wakahamia jengo la vioo. Ile ya zamani imevunjwa. Wote mnasema kweli."

Imevunjwa. Nilisikia neno hilo tu. Bustani, jiko, kipara cha nyasi.

"Basi unamchukua nani, bosi?" Mkongo aliuliza.

"Hakuna. Hamnijui, na kabla chai haijapoa mmeshanipa milango yote ya ubalozi. Yadi yangu ina mlango mmoja tu."

Akasimama, akatuinamia kidogo, akatuonyesha viatu vyetu.

Nje jua lilikuwa kali. Mkongo alinifuata kwa kasi. "Weye njo ulianza! Na mulango yako ya makaa!"

"Na ufunguo wa akiba nani aliutaja, babu yangu?"

"Eish! Mutu ya bure."

Tulifika kwenye robot, ndivyo waitavyo taa za barabarani huku, ikawa nyekundu, tukasimama kama watu wasiojuana. Ndipo akacheka, kicheko kile cha saluni.

"Papa, nyumba yako wamevunja."

"Na yenu ya vioo wataivunja."

Robot ikawaka kijani. Akavuka kuelekea chumbani, kwenye redio yake. Mimi sikuvuka. Nilikata kushoto, nikapandisha kuelekea mtaa wa Overport kutafuta kitanda kingine, na begi langu nilimtuma mtu akanichukulie.