Siku Kibondo Ilipocheka

Majani ya mikaratusi yakichemka yana harufu kali inayopanda puani mpaka machozi yakutoke, na kuna msimu mmoja wa utoto wangu ambao nyumba yetu yote ya Kasulu ilinukia hivyo. Kila asubuhi mama aliyachemsha kwenye sufuria kubwa, akaketi kwenye kigoda nyuma ya jiko na kujifukiza chini ya blanketi, usione chochote ila vidole vya miguu yake. Kisha kutoka ndani ya blanketi ikaanza sauti. Ilianza chini, ikapanda, ikazidi kupanda mpaka majirani waliokuwa wakienda shambani na majembe begani walisimama njiani, wakacheka kidogo, wakaendelea na safari. Mimi sikucheka. Nilikuwa darasa la nne, na nilikaa mlangoni nikisikiliza kilichokuja baada ya sauti, yaani jinsi mama alivyoivuta pumzi kabla ya kuanza tena. Ilikuwa na mkwaruzo mdogo, kama mtu anayevuta gunia sakafuni chumba cha pili.

Mama alikuwa mwigizaji wa vichekesho vya kuimba. Katika kikundi chao hakuna aliyezungumza jukwaani. Salamu ziliimbwa, mahari ilipatanwa kwa kuimba, hata jirani aliyekuja kuomba chumvi aliiomba kwa wimbo. Mtunzi na mpiga kodiani alikuwa Mzee Leonidasi, mwalimu mstaafu wa shule ya msingi, mtu mrefu aliyependa kuvaa koti hata kwenye jua kali. Alikuwa amemkuta mama kwenye kwaya ya kanisa, binti wa wakimbizi wa zamani kutoka Burundi, mwenye sauti iliyopaa kiasi kwamba kiongozi wa kwaya alimsimamisha nyuma kabisa ili asiwafunike wenzake. Mzee Leonidasi akamtungia mhusika wake mwenyewe, Mama Mkwe, ambaye huja kumtembelea mwanawe na kukuta kila kitu cha mkewe kina kasoro. Akiona sufuria chafu, sauti inapanda. Akiona kitanda hakijatandikwa, inapanda zaidi. Akionja ugali, inafika pale ambapo watu walikuwa wakingoja tangu mwanzo, na hapo hushika noti moja, mikono kiunoni, macho yamemtoka, mpaka watoto wanaziba masikio na watu wazima wanapigana mabega. Kwa noti hiyo alijulikana Kasulu, Kibondo, Muyama na hadi kambi ya wakimbizi ya Mtabila, ambako watu walikuwa wakiambiwa kwamba muda wa kurudi kwao umefika. Nakumbuka walivyocheka pale Mtabila. Walicheka kwa nguvu mno, halafu wote wakanyamaza kwa pamoja, na mama alirudi nyumbani amechoka kuliko siku nyingine yoyote.

Rovu la shingoni mwa mama nililiona mimi kwanza, au labda baba alikuwa ameliona akanyamaza. Mama alikuwa na blauzi ya njano yenye kifungo shingoni. Siku moja ya misa kifungo hicho kilikataa kufunga. Alijaribu mara mbili, akacheka, akajitupia mtandio. Tangu siku hiyo mtandio haukutoka. Alijifunga akipepeta maharage, alijifunga akiteka maji, na nilipouliza kama hasikii joto alinijibu, "Ni uvimbe tu, mwana wanje, mwanangu. Bibi yako naye alikuwa nao, na alizeeka nao." Ni kweli, wanawake wengi wa milima yetu walikuwa na rovu, na hakuna aliyeshtuka kumwona mmoja sokoni. Lakini bibi hakuwa anaimba. Nikaanza kumwangalia mama akila. Niliona jinsi alivyokata tonge likawa dogo, kisha dogo zaidi, na jinsi alivyokunywa maji baada ya kila tonge huku akitazama pembeni ili tusimtazame. Shuleni mwalimu alifundisha hesabu za sehemu, nami nikiwa kwenye dawati nilikuwa nikisikiliza pumzi ya mtu aliyekuwa nyumbani.

Baba alikuwa mkulima wa kahawa na mtu wa maneno machache. Alimpeleka mama hospitali kwa baiskeli, nami nikatembea nyuma kwa sababu nilikataa kubaki. Daktari alikuwa mwanamke kutoka Tanga, mwenye hijabu nyeupe na Kiswahili laini ambacho sisi tulikisikia redioni tu. Alimwambia mama ameze mate, akamshika shingo kwa vidole viwili.

"Mama, hili limeanza kubana njia ya hewa," alisema. "Lazima litolewe."

"Na sauti?" mama aliuliza.

"Mshipa wa sauti unapita hapo hapo. Tutajihadhari sana. Lakini siwezi kukuahidi sauti."

Mama aliinuka, akaufunga mtandio vizuri, akashukuru. Mlangoni akasema, kama mtu anayeahirisha kwenda kusaga unga, "Baada ya Kibondo, dokta."

Kibondo kulikuwa na onyesho kubwa. Kikundi kiliandaliwa ukumbi, na watu wa Kumsenga na vijiji vya jirani walikuwa wametangaziwa. Nyumbani baba na mama hawakugombana kwa sauti. Waligombana kwa kuwekeana vitu. Baba aliweka mfuko wa nguo za hospitali kando ya mlango, mama akaurudisha chini ya kitanda. Baba akautoa tena. Mwisho nilimsikia akisema, "Mama Agnesi, watu hao watakukuta mwakani." Mama akamjibu, "Watamkuta nani? Watanikuta mimi, au watamkuta mwanamke aliyewahi kuimba?" Baba alikwenda kukagua kahawa iliyoanikwa, ingawa alikuwa ametoka kuikagua muda si mrefu.

Shule zilikuwa zimefungwa, kwa hiyo nilikwenda na kikundi, baba akabaki na kahawa yake. Ukumbi ulijaa mpaka watu wakakaa madirishani, nami nilikaa safu ya mbele, chini kwenye mkeka pamoja na watoto wengine. Ilikuwa alasiri, bati linawaka juu yetu. Mama aliingia akiwa na nyusi za unga wa muhogo, kitenge kimefungwa vibaya makusudi, na mtandio shingoni. Kabla hajaimba neno watu walipiga kelele, "Ego! Ego!" wakimkubali kwa Kiha. Sufuria ikaonekana chafu. Sauti ikapanda. Kitanda kikakutwa hakijatandikwa. Ikapanda zaidi, na kila alipovuta pumzi niliusikia ule mkwaruzo, safari hii ukiwa mkubwa, nikashangaa kwamba waliokaa karibu nami hawausikii. Pasikazia, dada aliyecheza mkamwana, alimletea ugali. Mama akaonja. Akaweka mikono kiunoni, macho yakamtoka, na kodiani ya Mzee Leonidasi ikanyamaza ili kumpisha.

Noti ilitoka, ikasimama, kisha ikakatika. Badala yake ukatoka mluzi mwembamba. Watu wakacheka. Mama akajaribu kuvuta hewa na mluzi ukaja tena, mabega yakapanda hadi masikioni, na watu wakazidi kucheka, kwa sababu hawakuwahi kumwona Mama Mkwe akikosa maneno. Mtu mmoja dirishani akauiga ule mluzi. Ukumbi ukalipuka. Mama aliushika mtandio, akauvuta, ukakataa kufunguka, na macho yake yakanitafuta pale chini. Yalikuwa macho ya mama yangu na si ya Mama Mkwe, na mtu pekee aliyejua tofauti hiyo alikuwa mtoto aliyekaa kwenye mkeka.

Nikasimama na kupiga kelele, "Mama hapumui! Mwacheni, hapumui!"

Walicheka kuliko mwanzo. Walidhani nami ni sehemu ya igizo. Mwanaume nyuma yangu alinishika bega kwa upole, akasema, "Haka katoto nako kanajua kuigiza." Nimeishi na kicheko hicho. Hakikuwa na ubaya wowote ndani yake, na labda ndiyo sababu kilinitisha hivyo. Nilipanda jukwaani kwa magoti, nikamshika Mzee Leonidasi suruali. Aliniangalia, akamwangalia mama, kisha kodiani ikamponyoka na kugonga mbao kwa mlio mbaya. Hapo ndipo ukumbi ulipoelewa. Ukimya ulioingia ulikuwa mzito hata nikasikia vizuri jinsi hewa inavyopita kidogo kidogo kooni mwa mtu. Pasikazia aliukata mtandio kwa kisu kilichokuwa kati ya vyombo vya igizo, akamkalisha mama akiwa ameinama mbele, na watu walewale waliocheka wakampokezana juu ya mikono yao mpaka kwenye gari.

Walimfanyia upasuaji katika hospitali nyingine kubwa zaidi, na yule daktari wa Tanga alikwenda kusaidia. Mimi na baba, aliyekuwa amefuatwa Kasulu, tulikaa nje kwenye benchi. Alinimenyea chungwa, akasahau kunipa, akamenya la pili. Daktari alipotoka alisema mama yuko hai na anapumua vizuri. Baba akainamisha kichwa. Kisha tukaruhusiwa kuingia, na daktari akamwambia, "Mama, nitajie jina la mwanao." Midomo ya mama ilisema Agnesi. Sauti haikutoka.

Majuma yaliyofuata nyumba haikunukia mikaratusi tena. Mama alipiga makofi akituita, akagonga sufuria kwa mwiko akihitaji kitu. Sauti ilirudi polepole kama mtu anayerudi kijijini akiwa na aibu, na iliporudi haikuwa ile. Ilikuwa nzito na ya chini, yenye mikwaruzo, sauti ya mwanaume mzee aliyekunywa pombe ya ndizi maisha yake yote. Kanisani alifumba mdomo nyimbo zikiimbwa. Mzee Leonidasi alipokuja na kodiani begani, mama alikataa kutoka chumbani. Mzee akaketi uani akapiga ule wimbo wa Mama Mkwe, ila ameushusha chini kabisa, akasema kwa sauti ya kusikika ndani, "Mama Mkwe tumemzika. Lakini ameacha mume, na huyo mume ana kisirani kuliko marehemu." Halafu kutoka chumbani nikasikia kicheko kizito ambacho sikukijua, nikakimbia kuangalia ni nani. Alikuwa mama.

Hivyo ndivyo alivyozaliwa Baba Mkwe, mwenye koti la kuazima kwa Mzee Leonidasi na ndevu za katani. Onyesho la kwanza lilifanyika Kasulu, na watu walianguka kwa kicheko kwenye neno la kwanza. Mimi nilikaa karibu na mlango, nikimtazama shingo.

Nimeendelea kukaa karibu na mlango hadi juzi. Mtabila hakuna tena kambi. Mzee Leonidasi ametangulia mbele ya haki, na kodiani yake anaipiga kijana wa Muyama, kijiji ninakofundisha sasa. Siku hizi kila igizo linarekodiwa kwa simu kabla halijaisha, na wanafunzi wangu humwiga Baba Mkwe wakati wa mapumziko bila kujua ni mama wa mwalimu wao. Ile sauti ya juu hakuna aliyeirekodi. Nikiwasimulia wananitazama kwa adabu, kama mtu anayesimulia mvua ya zamani.

Mwaka huu kikundi kilialikwa Kibondo, na nikaenda. Katikati ya igizo ndevu zilimdondoka Baba Mkwe kwenye bakuli la mchuzi. Akazitazama, akazikamua taratibu, akazibandika tena na kuendelea kudai mahari. Nilisikia mtu akicheka kwa sauti kubwa isiyo na haya, nikageuka kumtafuta, ndipo nikagundua ni mimi, na kwamba kwa muda mrefu sikuwa nimetazama shingo yake.

Baadaye nilimkuta nyuma ya jukwaa akijifuta mchuzi kidevuni. Hakugeuka.

"Leo umecheka," alisema. "Miaka yote hii nakusikiliza."