Mkwe wa Bonde la Chumvi

Kambo yangu mzaa mama, yaani bibi yangu, na baba yangu hawakusemeshana miaka yote niliyowajua, mpaka siku ile ya stesheni ya treni. Msifikiri waligombana. Waliheshimiana mno, na ndiyo maana walinyamaziana. Kwetu mama mkwe na mume wa binti yake hawatazamani usoni, hawali pamoja, na neno la mmoja haliendi moja kwa moja sikioni mwa mwingine. Lazima lipite kwa mtu wa tatu. Mtu huyo nilikuwa mimi.

Kazi ile ilinichosha, nasema ukweli. Kila tulipotoka mjini Likasi kwenda kwa kambo bondeni, yeye alikaa nyuma ya nyumba yake na baba akakaa mbele, katikati ukuta mwembamba wa udongo ambao haukuzuia hata kikohozi. Kambo anasema: "Muambie ule muntu mvua inakuya, aingize kinga yake." Kinga ndiyo baiskeli. Baba anasikia, ananyanyuka nusu, anakumbuka adabu, anakaa tena. Mpaka nizunguke nyumba nzima, nisimame mbele yake, niseme: "Kambo anasema mvua inakuja, uingize baiskeli."

"Aah, mvua?" anasema baba, na kutazama juu kama mtu aliyepata habari mpya.

Siku moja nilikasirika, nikapiga kelele katikati ya uwanja: "Wote muko na masikio, muniache minye!" Mama alinichapa. Kambo alicheka mpaka akashika mbavu, halafu jioni ile ile akanituma tena, eti nimwambie yule mtu kwamba binti yake ana mdomo.

Bonde lenyewe liko upande wa mto Lufira, safari ya baiskeli ya kutwa nzima kutoka mjini. Kiangazi, maji yakishuka, ardhi inabaki nyeupe kwa chumvi. Wanawake wanaikwangua, wanaitia kwenye vikapu vya majani, wanamimina maji juu yake, na yale yanayodondoka wanayachemsha kwenye vyungu mpaka chumvi ibaki peke yake. Kila mwanamke wa pale alikuwa na jiko lake la chumvi, alilorithi kwa mama yake. Kambo alinisimulia kwamba zamani watu walitembea kutoka mbali sana kuja kwao, wamebeba majembe na misalaba ya shaba iliyokuwa fedha yao, kutafuta chumvi hiyo tu. Baadaye viwanda vikajengwa Likasi, wanaume wakaenda huko, chumvi ya duka ikaja kwa magunia, na majiko ya bonde yakazimika moja baada ya jingine. Lake halikuzimika. Aliona chumvi ya duka haina adabu kwenye samaki.

Tena alinisimulia habari ya bwawa la Mwadingusha. Maji yalipopanda yakafunika makao ya watu wa juu, baadhi yao walishuka bondeni na mikeka yao vichwani. Hawakuulizwa wametoka wapi. Waliingizwa. Nilipouliza kuingizwa ni nini, aliniambia ni kama anavyoingizwa mkwe. Mkwe anafunikwa kitambaa mwili mzima, analetwa mbele ya jiko la mama mkwe. Mama mkwe anapika bukari, ule ugali wetu, na kutia chumvi ya mkono wake mwenyewe. Anamfunua, na kwa mara ya kwanza anamuuliza yeye, si kupitia kwa mtu: "Ulisha kula?" Mkwe anajibu: "Bado, mama." Analishwa tonge. Basi, imekwisha. Kuanzia hapo wanasemeshana, naye ni mtu wa bonde kama waliozaliwa pale, na hakuna wa kumtoa.

"Na baba?" nikauliza.

"Baba yako hana nafasi," akasema kambo. "Yeye anatumika, kazi tu."

Ni kweli. Baba alikuwa fundi wa kuchonga vyuma kwenye karakana ya kampani, na likizo yake ilikuwa fupi kuliko karamu ile inavyotaka. Kila kiangazi walisema mwaka kesho. Nani angejali? Tulikaa kwenye nyumba ya kampani, tulikula poso ya kampani, ule mgao wa chakula, tulisoma shule ya kampani. Mambo ya bonde yalikuwa ya kungoja.

Halafu miaka ya tisini ikaanza, na kila kitu kikavunjika mikononi mwetu. Mashine zilisimama, zikawashwa, zikasimama tena. Poso ilipungua, kisha haikuja. Chumvi ilipotea madukani, na wanawake wa mjini walioona bonde ni ushamba wakaanza kushuka kule na vikapu, wakimuuliza kambo kwa sauti nyororo wakwangue wapi. Aliwaonyesha. Aliwacheka kidogo kwanza.

Njaa tungeivumilia. Lakini likaja neno barabarani, kwanza kama utani, kisha si utani: watu wa asili ya Kasai, mkoa wa mbali, warudi kwao. Baba alikuwa mtu wa Kasai. Kule alifika mara moja tu katika utu uzima wake, kumzika baba yake. Nusu ya maneno ya lugha yao alikuwa amesahau. Aka! Arudi wapi? Majirani waliozoea kuazima kinu chetu wakaanza kupita upande wa pili wa njia, na wengine walilia walipopita lakini walipita. Nilikuwa na hasira ya kuuma. Bado ninayo.

Mama, ambaye alikuwa mtu wa kanisa na maombi ya kufunga, hakungoja unabii. Alifunga vyombo, tukaenda bondeni wote. Kule mjomba wangu, kaka ya mama, ndiye aliyekuwa na neno juu ya ardhi. Alitupokea vizuri. Jioni alimwambia mama mbele yangu: "Mukwe aliyeingizwa ni mutoto wa hapa. Nitasimama mbele ya yeyote. Lakini huyu hakuingizwa, dada yangu. Wakiniuliza, nitasema ni nani?"

"Basi muingizeni kesho!" akasema mama.

Wangefanya hivyo. Lakini kabla ya kesho hiyo dada mkubwa wa kambo akafariki, na bonde likaingia kwenye kilio. Wakati wa kilio jiko la chumvi la mfiwa haliwashwi, hakuna karamu, hakuna mkwe wa kuingizwa, mpaka mwezi mpya uonekane na vichwa vinyolewe. Kambo alijipaka majivu, akaketi chini.

Mama alimpigia magoti. Sitasahau. Mama yangu, aliyesema mambo ya zamani yalikwisha msalabani, alishika miguu ya mama yake na kulia: "Pika, mama! Bukari tu! Jina la Yesu linatosha!"

"Nipike juu ya kilio?" akasema kambo, naye analia. "Unataka nimuingize bwana yako pamoja na kifo? Kifo kitamufuata yeye na batoto. Tunyoe kwanza."

"Mutanyoa, na minye nitakuwa mujane!"

Baba alisikia yote kupitia ukuta. Akaniita. "Muambie kambo yako iko na haki," akasema. "Tutangojea." Nilizunguka nyumba na kulipeleka neno lile, ingawa hata mimi, mtoto, niliona linanuka ubaya. Tulikuwa tukingojea mwezi kama watu wenye muda.

Vijana walikuja mchana kweupe, wengi, na baiskeli na marungu. Hawakuwa wa bonde letu. Walimkuta mjomba mlangoni kwake, na mmoja akamuuliza bila matusi kabisa, akimwonyesha baba kwa kidole: "Ule ni muntu wa hapa?"

Mjomba alifungua mdomo. Alikuwa na majivu ya mfiwa kichwani, na kwetu mwenye majivu hasemi uongo. Alifunga mdomo. Baba hakumwacha ateseke. Alisimama mwenyewe, akachukua koti lake, akamwambia mama abaki na sisi kwa watu wake, na asimfuate hata kidogo. Kambo alikuwa nyuma ya ukuta. Nilisikia anapumua.

Gare ya Likasi, ndiyo stesheni ya treni, alikopelekwa baba, ilikuwa imejaa watu wanaosubiri kupelekwa Kasai. Walilala kwenye kokoto, chini ya mashuka na mabati, majuma na majuma, na kila asubuhi walikuwepo waliofungwa ndani ya mikeka kwa kuzikwa. Watoto ndio waliokufa zaidi. Mama hakutii neno la baba; alirudi mjini na sisi kwenye nyumba ya rafiki wa kanisani, na kila siku alinipeleka kwa baba na kile kidogo kilichopatikana. Mama alitaka kupanda treni pamoja naye. Baba alimwonyesha ile mikeka kwa kidevu. "Hapana," akasema, na hawakuzungumza tena jambo hilo.

Pale gare baba alisikia habari iliyomkaa moyoni. Kwenye kijiji kingine wakwe walimficha mtu wao, wakasema ni wetu. Vijana waliwachomea nyumba zote. Baba aliniuliza mara mbili, tatu, nyumba ya kambo ni ya udongo au ya majani. Alijua fika. Mapaa yote ya bonde ni majani.

Siku lilipoenea neno kwamba treni itaondoka, nilikuwa nimekaa na baba tangu alfajiri. Hakuwa ameweka kitu kinywani, mama alikosa hata unga siku ile. Jua lilipoanza kushuka nikaona baiskeli ya mjomba, na nyuma yake, amekaa upande, kambo. Hakuwa amenyoa. Majivu yalikuwa bado kichwani, mwezi ulikuwa bado. Alikuwa na chungu, unga kidogo, na fundo la chumvi.

Hakunituma kwa mtu yeyote. Aliomba moto kwa mama mmoja aliyekaa karibu, akapanga mawe matatu kwenye kokoto, na akapika bukari mbele ya watu wote, mama mkwe mbele ya mkwe wake. Baadhi ya watu walicheka. Walipomwona mjomba anamfunika baba kitenge kuanzia kichwani, wakasogea kutupa nafasi, maana hata wale wasio wa kwetu walielewa kwamba ni jambo zito. Mama alisimama amefumba macho, midomo inacheza. Alikuwa anaomba kwa Yesu ili lile la zamani lifanikiwe, na sioni cha kumcheka.

Mjomba aliniambia sikioni: "Akijibu tu, ni wetu. Nitamutoa hapa kwa mukono yangu." Wale vijana walikuwa wamesimama karibu na mabehewa, wanatutazama.

Kambo akamfunua. Mkono wake ulikuwa na tonge lenye chumvi. Kwa sauti ambayo sikuwahi kuisikia ikienda upande ule, akamuuliza: "Ulisha kula?"

Baba hakumtazama. Alitazama majivu yale kwa chini chini. Akamtazama mjomba, akawatazama vijana, akamtazama mama na mdogo wangu mchanga mgongoni. Kisha akanigeukia mimi, kama siku zote.

"Muambie," akasema polepole, "nilisha kula."

Mama yangu! Nilitaka kumrukia baba. Nilitaka kupiga kelele kwamba ni uongo, kwamba tumbo lake limenguruma asubuhi nzima karibu na sikio langu. Kambo alikuwa amesimama pale pale mbele yetu, amesikia kila neno, lakini alisubiri. Walisubiri wote wawili. Ilibidi nigeuze uso wangu na kusema: "Kambo, anasema alisha kula."

"Eeh," akaitika kambo. Mjomba alikunja kitenge taratibu, akishindwa kukikunja vizuri.

Watu walipandishwa. Yalikuwa mabehewa ya mizigo, watu wamesimama ndani, na baba akapata nafasi ya mlangoni. Mama alimpa koti lake, akamshika vidole mpaka vikateleza. Mpaka leo hatujui treni ile ilimfikisha wapi. Tuliwauliza waliorudi miaka ya baadaye, kila mmoja alikuwa na wake wa kuuliza.

Treni ilivuta, ikasita, ikavuta tena. Ilipoanza kwenda kweli, na hapakuwa tena na wa kumteremsha wala wa kumdai, baba aliinua uso. Alimtazama kambo moja kwa moja, machoni, mbele ya watu, jambo ambalo sikuwahi kumwona akifanya.

"Mama!" akaita. "Bado, mama! Bado!"

Kambo alikimbia. Mwanamke mzee yule, na majivu yake, alikimbia kwenye kokoto ameinua lile tonge, na treni haikumngoja. Alisimama mpaka behewa la mwisho likapita. Aliporudi kwetu tonge lilikuwa bado mkononi, limepoa, limebonyea alama za vidole.

Akanitazama.

"Fungua kinywa," akasema.

Nilifungua. Chumvi ilikuwa nyingi, na nilitafuna huku nalia, naye hakuniondolea macho mpaka nikameza.