Msiba wa Kuigiza Sokoni Maganzo

Cheka ukitaka. Hata mimi ningecheka, kama nisingekuwapo mwenyewe, ngoma mikononi, jua la alasiri likinichoma utosini.

Miaka ya sabini tulikuwa na kikundi cha maigizo pale Maganzo, kikundi kisicho na jukwaa. Jukwaa la nini? Tulizusha ugomvi wa uongo penye meza za dagaa, watu wakajaa kuamua, ndipo tukawageuzia somo. Ah, raha ile! Siku hizi kila mtu kainamia simu yake.

Siku hiyo tuliigiza msiba, kuwaonya wachimbaji wasiingie mashimo yasiyo na magogo ya kuzuia udongo. Masanja, rafiki yangu wa kufa na kuzikana, alilala kwenye kitanda cha kamba, kafunikwa shuka. Nkwimba, mchumba wake, akalia kama mjane. Watu wakadhani ni kweli, wakavua kofia. Mpango ulikuwa nikipiga ngoma, marehemu ainuke na kuhubiri.

Akaja mama mmoja kavaa kaniki. Hatukumjua. Akaketi miguuni pa Masanja, akazishika nyayo zake, akalia. Nkwimba alikuwa hodari wa kulia, lakini kilio kile kilimnyamazisha.

"Ng'wana wane," alisema yule mama, yaani mwanangu kwa Kisukuma, "wamekutoa shimoni. Twende nyumbani."

Nikapiga ngoma. Masanja hakuinuka. Nikapiga tena, kwa nguvu. Nkwimba akafunua shuka: midomo imekuwa ya kijivu, kifua hakipandi. Akapiga ukelele, na huo haukuwa wa mchezo.

Muuza chumvi, mzee wa pale sokoni, akaninong'oneza, "Huyo si mama Luhende? Mwanawe alifukiwa shimoni, hakupatikana. Na huyu mama tulimzika sisi wenyewe."

Nani angemwondoa? Kumsukuma mfiwa ni mwiko, na huyu tena! Ndipo nikamwona Kondo, fundi baiskeli, Mzaramo, mtani wetu sisi Wasukuma. Hapo nikaliona kosa letu: tumeweka msiba bila mtani wa kuwachekesha wafiwa!

"Kondo! Njoo, tumefiwa!"

Hakuuliza. Alijitupa kitandani kando ya Masanja, akamsukuma kwa kiwiko. "Sogea, Msukuma we! Umezoea kulala zizini na ng'ombe, kitanda utakiweza? Na wewe mama, achia hiyo miguu, haijaoga tangu mvua za mwaka juzi!"

Mfiwa hamkasirikii mtani, ndiyo sheria. Yule mama alimtazama, akatabasamu huku machozi yakimtoka, akaachia. Masanja akakohoa. Tulipogeuka, pale alipoketi palikuwa na vumbi lililolowa tu.

Namwonea huruma mpaka leo. Kilio chetu cha uongo ndicho kilio pekee alichokipata mwanawe.

Masanja alimwoa Nkwimba, wakazeeka pamoja, ila nyayo za Masanja hazikupata joto tena. Alivaa soksi hata kiangazi, nasi tukimtania. Mwaka jana alifariki, safari hii kweli. Nilimtafuta Mzaramo kabla sijatafuta jeneza, nikamketisha miguuni pake mpaka tulipomzika.

Basi nawe unayependa maigizo, igiza utakacho. Lakini usianzishe kilio kama hujui ni nani atakayekicheka.