Mbavu za Mbwa wa Mama Feza

Saa kumi na mbili na dakika ishirini asubuhi. Saa hiyo, mwanangu, naikumbuka vizuri kuliko saa ya ndoa yangu. Treni ya kwenda kusini ilikuwa bado imesimama kwenye stesheni ya Kindu, na Mama Feza, mkunga wa mtaa wetu, alinyoosha mikono nje ya dirisha la behewa akanikabidhi mbwa wake. Nilimpokea kwa mikono miwili, kama mtu anavyopokea mtoto wa ndugu aliyeletwa kulelewa. Kosa langu lilianza hapo, katika namna ile ya kumpokea, ingawa ilinichukua muda mrefu kulitambua.

Ilikuwa enzi za Zaire, tulipovaa abakosi, suti isiyo na tai, na kuitana sitwayeni, yaani raia, na Jumamosi tukitoka wote kwa salongo, kazi ya umma ya kufyeka majani ya barabara. Nilikuwa na miaka ishirini na minne. Kazi yangu ilikuwa kupima mizigo kwenye bohari ya stesheni, magunia ya mpunga na ya ngazi, matunda ya mchikichi, yaliyongoja kuvushwa au kuteremshwa mtoni. Shule niliiacha darasa la sita. Mengine nilijifunza mwenyewe kwa vitabu vya kuazima. Nilijivunia uhakika wangu. Gunia likipungua nusu kilo, nililijua kabla ya kulipandisha kwenye mizani.

Mama Feza alikuwa mjane wa miaka sitini hivi. Nusu ya vijana wa mtaa walikuwa wamezaliwa mikononi mwake, nami nikiwemo, na mwanangu wa kwanza, Amisi, alipokelewa na mikono yake. Ila masikio yake yalikuwa yamekufa karibu yote. Mwenyewe alisema ni kwinini aliyoinywa alipokuwa kijana, ikamwachia mlio kichwani na kumnyang'anya sauti za watu. Ukiwa mbele yake, alisoma midomo yako. Ukibisha mlango, ungeuvunja naye bado angekuwa amelala.

Mbwa ndiye aliyekuwa masikio yake. Alikuwa wa mbegu ya kigeni, ile ndogo, yenye miguu mifupi na mgongo mrefu, rangi ya karanga iliyokaangwa. Aliachiwa na mwalimu mmoja wa Ulaya aliyerudi kwao. Watu wa mtaa walicheka kuona mwanamke mzima analaza mbwa chumbani, naye akampa mbwa jina la Waseme. Mtu akibisha, Waseme alirukia kitandani akavuta kikwembe, kitenge alichojifunika mama, hadi aamke, kisha akashuka na kumtangulia mlangoni. Kwa njia hiyo, mkunga asiyesikia aliweza kufanya kazi yake, na wanawake wa mtaa wetu hawakulazimika kubebwa kwa baiskeli hadi hospitali, mwendo wa saa nzima, uchungu ukiwa umeshika.

Sasa dada yake Mama Feza alikuwa mgonjwa huko Kongolo. Asubuhi ile dirishani alinipa pia kopo tupu la maziwa. Ndani yake alikuwa amekwaruza mstari kwa msumari.

"Saidi, sikia vizuri," alisema. "Wali na samaki ya kuchemsha, bila mifupa. Mpaka hapa asubuhi, mpaka hapa jioni. Njo basi. Atakuangalia kama muntu mwenye kufiwa, lakini usimuongezee. Na kila jioni umutembeze mpaka mtoni."

"Nimesikia, Mama."

"Umesikia, ao umeitika tu?"

Nilicheka. Treni ikaondoka.

Siku ile ile nilimweka Waseme kwenye mizani ya bohari. Kilo sita kamili. Niliandika katika daftari. Nyumbani nilimjengea kibanda cha mbao kwenye baraza ya nyuma, kwa sababu sisi ni Waislamu na mbwa hatumlazi ndani, na mke wangu Zaina akamtengea sahani yake. Kwa siku kumi nilifuata mstari wa kopo bila kuupita hata kwa punje.

Lakini chakula kile, mwanangu, kilikuwa kidogo machoni. Kilikaa katikati ya sahani kama kitu kilichosahauliwa hapo. Waseme alikimaliza kabla Zaina hajageuka, kisha aliketi akatutazama sisi tukila, bila kulia, macho tu.

"Baba Amisi," Zaina aliniambia, "mimi sipendi hivi. Muntu akipita akaona, atasema nini? Atasema nyumba hii wanakula, mgeni anaangalia."

"Mama alisema mpaka kwenye mstari."

"Mama Feza ni muntu peke yake. Muntu peke yake anapima. Nyumba yenye watu haipimi."

Siku ya kumi na moja, Mzee Ramazani, mpimaji mwenzangu, alipita nyumbani kuazima panga. Alimwona Waseme akasimama.

"Hii njo mbwa ya Mama Feza? Saidi, kwako hamupike?"

"Tunapika, Mzee. Iko na kipimo yake."

"Kipimo," alisema, akacheka hadi akakohoa. "Kumbe kazi ya mizani umeileta mpaka jikoni. Mama akirudi akikuta mifupa, utamuonyesha kipimo?"

Maneno hayo yaliniingia. Unajua desturi yetu. Mtoto akipelekwa kwa shangazi yake, siku ya kurudi mama yake humshika mashavu na mikono kwanza, kabla ya salamu. Akiwa amenenepa, shangazi husifiwa. Akiwa amekonda, hakuna maelezo yatakayosikilizwa. Unene wa mtoto ndio risiti ya mlezi. Nami nilitaka Mama Feza ashuke kwenye treni aone risiti yangu.

Jioni ile nilijaza kopo hadi ukingoni. Kesho yake nilimwaga kijiko cha mawese juu ya wali, kwa sababu wali mkavu haupendezi. Zaina aliongeza ngozi ya samaki wa kukaanga. Mama mkwe wangu alipokuja kututembelea alikuwa na mkono wake pia, hata Amisi, aliyekuwa anatambaa, alimpa bugali yake. Kila mmoja alitoa kidogo, tena bila kumwambia mwenzake. Wazee husema haba na haba hujaza kibaba. Husema hivyo kwa kusifu. Mimi niliona upande wake wa pili.

Kila Jumatatu nilimpeleka bohari kumpima. Kilo sita na nusu. Kilo saba na robo. Nane. Niliandika kila namba kwa wino wa bluu, na kila namba ilinifurahisha. Mzee Ramazani alisema, "Sasa hii ni mbwa ya muntu." Kwenda mtoni tuliacha, maana alikuwa anahema upesi na joto lilikuwa kali. Sikujiuliza anahema kwa nini. Nilikuwa na ushahidi wote katika daftari, mwanangu, kwa maandishi yangu mwenyewe, na sikuusoma.

Mama Feza alikaa Kongolo wiki kumi, hadi dada yake alipopona. Siku ya kurudi kwake Waseme alikuwa na kilo tisa na nusu. Kwa mtu kama mimi, ni sawa na kuvishwa mzigo wa zaidi ya kilo thelathini na kuambiwa ulale nao. Hesabu hiyo ni nyepesi. Ningeweza kuifanya siku yoyote.

Nilimpeleka stesheni nikiwa nimevaa abakosi yangu nzuri. Waseme alimwona mama yake akataka kukimbia, akafika nusu ya njia, akalala chini ulimi nje. Mama Feza aliinama. Hakumsalimia mtu. Alipitisha vidole ubavuni mwa mbwa, polepole, upande wa kulia kisha wa kushoto, kama alivyopapasa matumbo ya wanawake kutafuta kichwa cha mtoto.

"Saidi, mbavu iko wapi?"

Hapo ndipo nilipokuwa na nafasi. Hata sasa nikilala nairudia. Ningesema tu: Mama, niliupita mstari. Lakini niliona uso wake, nikaona watu wa stesheni wanatutazama, nikasema, "Nilimpa mpaka kwenye mstari, Mama. Pengine ni hewa ya kwangu."

Alinitazama midomo kwa muda, kana kwamba anangoja iseme neno jingine. Kisha akaamini. Alikuwa amenipokea nikizaliwa, kwa nini asiamini? Akadhani ni maji tumboni, au minyoo. Akaenda nyumbani kumchemshia dawa, na kitanda chake akakiacha kama kilivyokuwa siku zote, kimeinuliwa kwa matofali kwa sababu ya maji ya mvua.

Siku ya tisa, saa nane mchana, Mama Feza alikuwa amelala. Mume wa mwanamke mmoja wa mtaa wa pili alikuja kubisha, mkewe ameshikwa na uchungu. Waseme alifanya kazi yake. Alijikongoja akapanda, akavuta kikwembe, na mama alipoanza kuamka, akaruka chini kwenda mlangoni. Mgongo mrefu ule haukuweza kuubeba uzito ule. Miguu ya nyuma haikusimama tena. Mama Feza alipofumbua macho alimkuta anajivuta sakafuni kwa miguu ya mbele. Alipiga magoti hapo, akahangaika naye, akidhani mbwa amemwamsha kwa sababu ya maumivu. Mlango hakuufikiria. Yule mwanaume alibisha, akazunguka nyumba, akabisha tena, akaondoka.

Mkewe alijifungua njiani, juu ya majani, na nyanya mmoja aliyekuwa anapita na kuni ndiye aliyempokea mtoto. Mtoto alipona. Mama yake alipoteza damu nyingi akalala hospitalini zaidi ya mwezi, na baada ya hapo hakuzaa tena.

Habari ilinifikia bohari kabla ya saa kumi. Nilichukua daftari langu nikaenda nalo kwa Mama Feza, nikamfungulia kurasa zile. Alisoma namba zote kwa kidole, kutoka sita hadi tisa na nusu.

"Ulijua kila Jumatatu," alisema.

"Nilijua, Mama."

"Na kwenye stesheni nikakuuliza."

"Ndiyo."

Hakupaza sauti. Viziwi wengi hupaza. Yeye siku ile alisema chini sana.

"Saidi, mimi sikukuachia mbwa umupende. Kumupenda ningefanya mwenyewe nikirudi. Nilikuachia umupime tu. Wewe ulilisha macho ya watu, na tumbo ya mbwa njo ikalipa. Na hata hiyo ningekusamehe upesi, maana mukono wenye kutoa sana si mukono mubaya. Lakini ungeniambia kwenye stesheni, kitanda ningekishusha siku ile ile."

Asiyesikia la mkuu huvunjika guu. Ndivyo tunavyowaambia watoto. Mimi sikusikia, na guu likavunjika kwa mwingine.

Waseme aliishi miezi minne. Kila jioni nilikwenda kumbeba nje kwa kitambaa chini ya tumbo ili ajisaidie, na Mama Feza aliniruhusu, ingawa tulizungumza kidogo. Alirudi kwenye kilo sita na nusu, mbavu zikapatikana kwa vidole tena, lakini miguu haikurudi. Alikufa asubuhi ya mvua. Mama Feza hakutafuta mbwa mwingine. Alisema kumfundisha mmoja ni miaka miwili, na yeye miaka ya kugawa hana. Wanawake waliendelea kuja kwake mchana, wakati yuko uani anaona watu. Walioshikwa na uchungu saa nyingine walikwenda hospitali kwa baiskeli, na mimi kila nilipoona baiskeli inapita na mwanamke amekaa nyuma ameshika tumbo, niligeuza uso.

Baadaye nilinunua kitabu cha ufugaji cha Kifaransa, kikuukuu, nikakisoma mstari kwa mstari. Kilinifundisha kwa kurasa nyingi yale ambayo Mama Feza aliyaweka ndani ya kopo.

Basi mwanangu, nikuambie wazi. Ukipewa mbwa mdogo kumtunza, mpime yeye kwanza, kisha pima chakula chake, na kipimo kiwe kwa mwili wake, si kwa ukubwa wa sahani yako wala wa moyo wako. Kiganja kimoja cha ziada kwako si kitu. Kwake ni mlo mzima. Mgawie mara mbili kwa siku, saa zile zile, na watu wote wa nyumba wajue ni mkono wa nani unaolisha, ili mikono mingine ikae. Papasa ubavu wake kila wiki: mbavu uzihisi kwa vidole bila kuziona kwa macho. Zikianza kupotea, punguza pole pole, usimshindishe njaa ghafla, na umtembeze. Mawese na ngozi ya kukaanga ni vyako, mifupa ya samaki ni ya shimo la takataka. Macho yake yatakuomba. Mchelea mwana kulia hulia yeye.

Na ukikosea, kwa sababu utakosea, sema siku ile unayoulizwa. Kosa la kopo lilikuwa la kilo tatu na nusu, na lingepungua. La kwenye stesheni halikupata mizani ya kulipunguza.

Mungu akupe mkono mwepesi wa kutoa na jicho linalojua pa kusimama. Akulinde na sifa za wapita njia. Amana utakayopewa, airudishe kwa mwenyewe ikiwa nzima kupitia mikono yako, na ulimi wako usikutangulie kuficha kosa.

Nilihesabu pia gharama ya wali, mawese na samaki tulivyoongeza juu ya mstari, makuta saba kwa siku, kwa siku sitini, makuta mia yakiwa zaire moja. Ilikuwa zaire nne na makuta ishirini, na hiyo ndiyo hasara pekee niliyoweza kuihesabu.